Rufaa haimzuii dalali: namna ya kusimamisha ukazaji wa hukumu katika kesi ya mteja na muuzaji

Saa mbili na robo asubuhi, Mbagala Rangi Tatu. Kirikuu imeegeshwa kinyumenyume mlangoni, vijana wawili wameshalishika friji, huyu huku na yule kule. Mama mwenye nyumba amesimama kizingitini na karatasi mkononi.

"Mimi nimeshakata rufaa! Ona muhuri huu hapa!"

Dalali wa mahakama anaichukua karatasi, anaisoma mpaka mwisho, anamrudishia kwa adabu. "Sawa mama, rufaa umekata. Amri ya kunizuia mimi iko wapi?"

Hana. Mjumbe anasaini orodha ya vitu, friji linapanda gari, na majirani wanabaki kuulizana inakuwaje mtu achukuliwe mali na kesi bado ipo. Nimeyaona haya zaidi ya mara moja katika kazi yangu ya usaidizi wa kisheria huku Temeke, na jibu ni lilelile: kukata rufaa ni jambo moja, kusimamisha ukazaji wa hukumu, yaani kuitekeleza kwa nguvu, ni jambo jingine. Amri ya 39 Kanuni ya 5 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inasema wazi kwamba rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji. Lazima uombe, na mahakama ikubali. Kitaani wanaiita stopu oda.

Mwongozo huu ni kwa pande zote mbili za kaunta. Pengine ni wewe uliyenunua kwa mkopo, ukashindwa kesi, na dalali anakuja. Pengine ni wewe uliyemshinda muuzaji, na sasa yeye ndiye anayekimbilia mahakamani ili asikulipe. Hatua ni zilezile, unasimama tu upande tofauti.

Kwanza: hakikisha kuna hukumu

Watu wengi wanaokuja wakilia "nataka kusimamisha" hawana hukumu yoyote dhidi yao. Kampuni ya mikopo imempigia simu kumtishia, au imetuma vijana kuchukua pikipiki iliyowekwa rehani, na hakuna hakimu aliyewahi kulisikia jambo hilo. Huko hakuna cha kusimamisha kwa sababu hakuna kinachokazwa. Unachohitaji ni kufungua kesi yako mwenyewe na kuomba zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya sheria hiyohiyo. Vigezo vyake ni vingine, na mahakama zetu zinavifuata tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la 1969: kuwe na hoja ya msingi ya kuamuliwa, kuwe na hasara isiyofidika kwa fedha, na mizani ya usumbufu ielemee upande wako. Zuio hilo pia lina umri. Halizidi miezi sita kwa mkupuo, na hata likiongezwa, jumla yake haivuki mwaka mmoja.

Kwa hiyo muulize aliyekuja mlangoni swali moja: "Kesi namba ngapi, mahakama gani?" Dalali halali anayo hati ya mahakama yenye namba ya shauri, majina ya pande mbili, kiasi kinachodaiwa, muhuri na saini. Ipige picha hati hiyo, kila ukurasa. Asiye nayo si dalali wa mahakama, na huyo mpeleke kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa au kituo cha polisi, si kwa karani.

Kuna na upande wa pili wa kosa hilihili. Kama wewe ndiye uliyefungua kesi na ikatupwa, usiombe kusimamisha hukumu ya kutupwa. Mahakama ya Rufani imeshasema mara nyingi kwamba uamuzi wa namna hiyo hauna kinachotekelezeka, isipokuwa labda gharama za kesi. Utalipa ada bure.

Pili: tarehe, tarehe, tarehe

Nikipewa bahasha ya mtu, kabla sijasoma hukumu ninageuza karatasi nyuma kutafuta ilipokelewa lini. Mazungumzo ya kaunta huwa hivi:

"Mama, hii notisi uliipata lini?"

"Wiki iliyopita... au ile ya juu yake."

"Aliyekuletea ulimsainia?"

"Nilisaini, lakini sikuandika tarehe."

Hapo ndipo kesi zinapofia. Kila hati ya mahakama unayopokea, andika tarehe na saa kwa mkono wako pembeni ya saini, kwenye nakala yake na kwenye yako. Kalamu ya shilingi mia tano inafanya kazi ambayo wakili atakutoza laki kuirekebisha.

Muda wenyewe unategemea ulipo. Hukumu ya mahakama ya mwanzo unakatia rufaa mahakama ya wilaya ndani ya siku 30. Hukumu ya mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, kesi ikiwa ilianzia hapo hapo, unakwenda Mahakama Kuu ndani ya siku 90 kwa mujibu wa Sheria ya Ukomo. Ukitoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani, notisi ya rufaa inawekwa ndani ya siku 30. Omba nakala za hukumu na tuzo (hati fupi inayotaja mahakama imeamuru nini) kwa barua siku hiyohiyo hukumu inaposomwa, na utunze nakala ya barua iliyogongwa muhuri, maana siku za kusubiri nakala hizo zinaweza kutolewa kwenye hesabu. Aliyeomba kwa mdomo koridoni hana cha kuonyesha.

Kama hukumu ilitolewa ya upande mmoja kwa sababu hukufika (wito ulipelekwa nyumba uliyohama, jambo la kawaida kabisa kwa sisi wapangaji wa Dar), njia yako ya kwanza si rufaa. Rudi mahakama iliyotoa hukumu na uombe itenguliwe, ndani ya siku 30 kwa mahakama ya wilaya na ya hakimu mkazi, na katika ombi hilohilo uombe ukazaji usimame mpaka lisikilizwe.

Muda wa kuomba kusimamisha ndio unaowaangusha hata wenye mawakili. Ukiwa Mahakama ya Rufani, Kanuni ya 11 ya Kanuni za mwaka 2009 inakupa siku 14 tangu ulipopewa notisi ya ukazaji, au tangu ulipojua kwa njia nyingine kwamba ombi la kukaza lipo. Soma tena maneno hayo ya mwisho. Kama mwenzako alikutumia ujumbe wa WhatsApp akisema "nimeshafungua kukaza, jiandae", ukamjibu kwa kicheko, anaweza kuutumia kuonyesha kwamba ulijua. Huku chini hakuna siku 14 zilizoandikwa hivyo, ila lazima uonyeshe kwamba hukuchelewa bila sababu. Mtu aliyekaa miezi minne kimya na kukimbilia mahakamani siku ya mnada ana kazi ngumu.

Tatu: mlango upi

Kama bado hujakata rufaa na muda wa rufaa haujaisha, unaomba mahakama ileile iliyotoa tuzo. Ukishakata, unaomba mahakama ya rufaa. Ndiyo kanuni nzima, na bado watu wanapanga foleni Kisutu kwa ajili ya hukumu ya Kinondoni.

Mahakama ya mwanzo ina kanuni zake za mwenendo, kwa hiyo usinakili Amri ya 39 kwenye karatasi ya huko. Fungua rufaa mahakama ya wilaya na upeleke ombi la kusimamisha pamoja nayo, siku hiyohiyo.

Na kama mgogoro wako haukupita mahakamani kabisa? Sheria ya Ushindani ya 2003 imeipa Tume ya Ushindani kazi ya kumlinda mlaji. Sekta nyingine zina mamlaka zake za udhibiti: umeme, maji na mafuta viko EWURA, simu ziko TCRA, mabasi yako LATRA. Aliyeshindwa huko hakimbilii mahakama ya wilaya. Anakata rufaa Baraza la Ushindani, na ombi la kusimamisha utekelezaji linakwenda huko huko. Malalamiko ya benki yana dawati Benki Kuu, ya bima yana Msuluhishi wa Migogoro ya Bima. Sitakaa sana hapa kwa sababu mtu wa kawaida mara nyingi anafika huko akiwa mlalamikaji, si akiwa wa kukaziwa.

Nne: masharti matatu, na moja ndilo lenye uzito

Amri ya 39 Kanuni ya 5(3) inataka mambo matatu kwa pamoja. Hasara kubwa itakayokupata amri isipotolewa. Ombi lililoletwa bila kuchelewa. Na dhamana ya kutekeleza hukumu endapo rufaa itashindwa. Kwa pamoja maana yake ni kwamba mawili hayatoshi.

Hasara kubwa watu wanaiandika kama shairi: "mwombaji atapata hasara kubwa isiyoelezeka." Kama haielezeki, hakimu aielewe vipi? Kutoa fedha tu si hasara kwa maana hii, maana kila aliyeshindwa hutoa fedha. Onyesha kitakachotokea. Friza mbili zinazokamatwa ndizo zinazohifadhi samaki unaouza Feri, zikiondoka biashara imekufa. Au aliyeshinda hana anuani, biashara wala mali inayojulikana, ukimlipa leo na rufaa ukashinda kesho, utamdai nani? Weka leseni ya biashara, picha, daftari la mauzo. Kitu cha kushika.

Dhamana ndiyo roho ya ombi zima, na ndipo wanyonge wengi hukwama. Nitatumia kesi moja ya gari ili ieleweke.

Kijana mmoja alinunua gari lililotumika kwenye yadi moja ya barabara ya Bagamoyo kwa shilingi milioni 38. Injini ikagoma kabla ya mwezi kuisha, fundi alipoifungua akakuta kasoro ya zamani iliyofichwa. Akashtaki, akashinda, tuzo ikasema arudishiwe milioni 38 na gharama za kesi. Yadi ikakata rufaa na kuomba kusimamisha. Katika kiapo cha yadi kulikuwa na aya hii, ya kumi na moja:

"Kwamba mwombaji yuko tayari na anaahidi kutoa dhamana kadiri Mahakama hii tukufu itakavyoelekeza, ndani ya muda itakaoupanga."

Sentensi moja tu, lakini imekamilika. Mahakama ya Rufani ilisema katika ombi la madai namba 11 la 2010, lile la Mantrac Tanzania Limited, kwamba si lazima dhamana iwe imeshatolewa kabla ya amri. Ahadi thabiti inaweza kutosha, mradi mahakama ipange muda wa kuitimiza. Asiyeandika hata ahadi hiyo ameshaanguka kabla hajasimama. Nimeona maombi ya kurasa kumi na tano yenye maneno ya Kilatini humo ndani, na neno dhamana halimo.

Halafu ikaja hoja ya dhamana ya namna gani. Yadi ilitaka kuweka kadi za magari mawili yaliyo kwenye yadi. Yule kijana akapinga, na alikuwa na haki: gari la yadini linashuka thamani kila mwezi, linaweza kugongwa likifanyiwa majaribio, na biashara ya yadi ni kuyauza hayohayo. Akaomba dhamana ya benki ya kiasi chote. Mahakama ikamkubalia, ikatoa siku 30.

Namna za dhamana zinazokubalika hutegemea hakimu na kiasi: fedha taslimu zinazowekwa mahakamani, dhamana ya benki, hati ya nyumba au kiwanja. Fedha taslimu haina ubishi ila inakukausha. Dhamana ya benki inagharimu ada, na benki nayo itataka uweke kitu kwake. Hati ya kiwanja iambatane na ripoti ya mthamini na, kama ni mali ya ndoa, ridhaa ya mwenza. Leseni ya makazi ya Manzese au Tandika usiidharau, lakini jiandae kuulizwa maswali zaidi kuliko mwenye hati ya miaka 99.

Kama huna lolote katika hayo, sema ukweli kwenye kiapo na upendekeze unachoweza: kuweka mahakamani sehemu sasa na salio kwa awamu. Hakuna anayekuahidi kwamba itakubaliwa. Ila pendekezo lenye namba linasikilizwa kuliko machozi.

Tano: andika kiapo kama shahidi, si kama mhubiri

Ombi lina karatasi mbili kuu, hati ya maombi (mawakili wanaiita chamba samansi) na hati ya kiapo. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo usiogope kuandika kwa lugha unayoiota.

Kiapo kibebe mambo unayoyajua mwenyewe, kila jambo aya yake, kila aya namba yake. Uliloambiwa, mtaje aliyekuambia. Usiweke sala, usibishane na sheria, usimtukane mwenzako. Mwishoni, pale pa kuapia, kuwe na mahali, tarehe, na maelezo kama Kamishna wa Viapo anakufahamu mwenyewe au umetambulishwa kwake na nani. Inaonekana upuuzi, lakini ombi zima linaweza kutupwa kwa sababu mahali palipotakiwa kuandikwa "Dar es Salaam" pameachwa wazi. Na wakili anayekutetea katika kesi hiyo asiwe ndiye anayekuapisha.

Viambatanisho: hukumu, tuzo, notisi au hati ya rufaa, na notisi ya ukazaji au hati aliyokuja nayo dalali. Kwa Mahakama ya Rufani hivi vinatajwa kabisa kwenye Kanuni ya 11(7), na kukosa kimoja ni kukosa ombi.

Sita: fungua, na uombe amri ya kupumulia

Mashauri siku hizi yanafunguliwa kwenye mfumo wa kielektroniki wa Mahakama. Unapakia, mfumo unakupa namba ya malipo, unalipa kwa simu au benki. Usiyejua kompyuta nenda kaunta ya mahakama husika uombe msaada, au kwa wasaidizi wa kisheria, TAWLA, LHRC na wengineo, ambao kwa mtu asiye na uwezo hawatozi. Yule kijana wa stendi ya daladala anayesema "mimi najuana na karani" muache ajuane naye.

Kupakia tu hakumsimamishi mtu. Ikiwa mnada ni wiki hii, ambatanisha hati ya dharura inayoeleza ni tarehe gani kitatokea nini, kisha uombe amri ya muda hata kabla mwenzako hajasikilizwa, mpaka ombi lenyewe litakapoamuliwa. Fuatilia kwa miguu yako. Ulizia faili limepangwa kwa hakimu yupi, na ukae kwenye benchi.

Ukipewa amri, kazi haijaisha, na hapa ndipo nilipowahi kuteleza mimi mwenyewe. Mwaka fulani tulipata amri Ijumaa saa tisa, tukashukuru Mungu, tukaenda kula. Dalali hakuwa na habari. Jumatatu alfajiri alishapakia makochi, na kwa upande wake hakuwa na kosa. Chukua nakala iliyogongwa muhuri, mpelekee dalali mkononi, asaini na aandike saa. Mpelekee aliyeshinda kesi. Kama akaunti ya benki imezuiwa, pelekea benki. Kama ni mnada wa nyumba, bandika moja ukutani ulipobandikwa tangazo.

Fanya hivyo haraka, kwa sababu hukumu iliyokwishatekelezwa haisimamishwi. Sheria inaweka nafasi kidogo kati ya tangazo la mnada na mnada: siku 15 kwa mali inayohamishika, 30 kwa nyumba au kiwanja, isipokuwa mdaiwa amekubali kwa maandishi. Dalali akikupa fomu ya "kukubali mnada wa haraka ili gharama zipungue", isome kwanza.

Vitu visivyoshikika, na vitu visivyo vyako

Kabla ya kuhangaika na amri, angalia orodha ya vilivyokamatwa. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inalinda nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya mdaiwa na familia yake, zana za fundi, na nyumba ambayo mdaiwa anaishi na mwenza wake na watoto wanaomtegemea. Cherehani ya fundi nguo ni zana. Cherehani nane za kiwanda kidogo, hapo tutabishana.

Na kwenye nyumba zetu za kupanga, friji la dada wa chumba cha pili likikamatwa kwa deni lako, mwenye haki ya kulalamika ni yeye. Anafungua pingamizi lake chini ya Amri ya 21, akiwa na risiti. Wewe ukimsemea, itaonekana unaficha.

Saba: kama wewe ndiye uliyeshinda

Umepewa ombi la muuzaji la kusimamisha. Usikasirike, na usikae kimya ukiamini kwamba haki yako inaonekana. Peleka kiapo kinzani ndani ya muda uliopangiwa. Ubishani kuhusu injini mbovu uache huko kwenye rufaa. Hapa unapiga mambo mawili: amechelewa, na dhamana yake haifai.

Hesabu mambo kwa niaba ya hakimu. Kama tuzo yako ina riba ya kisheria ya asilimia 7 kwa mwaka tangu siku ya hukumu, milioni 38 zinazaa 2,660,000 kila mwaka, yaani zaidi ya laki mbili na elfu ishirini kwa mwezi. Omba dhamana iifunike na riba ya muda ambao rufaa inaweza kuchukua. Omba pia amri iseme kwamba siku zikipita bila dhamana kuwekwa, zuio linaanguka lenyewe bila ombi jipya. Wengi husahau kuliomba hili, kisha wanarudi mahakamani kuomba kuondoa kitu ambacho kingejiondoa.

Ndicho kilichomwokoa kijana wa gari. Siku ya 30 ilipita, yadi haikuwa imeleta dhamana ya benki. Siku ya 31 alikuwa kwa karani na barua ya mistari minne akiomba ukazaji uendelee, na amri ya mahakama ikiwa imeambatanishwa, ile sentensi amepigia mstari kwa kalamu nyekundu. Yadi ikapiga simu jioni ileile kutaka maelewano.

Ikiletwa dhamana ya benki, isome tarehe ya mwisho. Nyingi zinaandikwa za mwaka mmoja, na rufaa haikuahidi kuisha ndani ya mwaka. Iandike tarehe hiyo kwenye kalenda ya ukutani, na miezi miwili kabla uandikie mahakama kutaka ihuishwe.

Maelewano, na kosa la kulipa kwa mkono

Mara nyingi, katika madeni ya milioni mbili tatu, ombi la kusimamisha linagharimu karibu sawa na kukaa mkaongea. Mahakama inaweza kuruhusu malipo kwa awamu, na baada ya hukumu aliyeshinda akiridhia jambo hilo huwa jepesi. Andikeni makubaliano, yasajilini kwenye faili la kesi.

Kisha kila shilingi inayolipwa nje ya mahakama itolewe taarifa mahakamani. Amri ya 21 inasema malipo ambayo hayakuthibitishwa au kuandikishwa hayatambuliwi na mahakama inayokaza. Nimeona mtu ana ujumbe tisa za M-Pesa kwenye simu, zote kwenda kwa aliyeshinda, na bado dalali yuko mlangoni na hati ya kiasi kilekile cha mwanzo. Ilibidi tuanze kumtafuta aliyelipwa akiri. Alikiri saba. Mbili akasema zilikuwa za mchango wa harusi.